Onyesha Njia

Risiti ya chama ilirudi mfukoni mwa baba
imelowa mvua ya Kyarumba,
wino umetambaa kama siafu.
Uzito wa kahawa: hausomeki.
Jumla: doa la buluu.
Mstari mmoja tu ulinusurika, pale karatasi ilipokunjwa:
Makato, asilimia 15, shilingi 54,000.

Mama aliikausha kwa mvuke wa maharage,
akaniita. "Mbambu, wewe ndiye wa darasa la saba.
Tuliuza shilingi ngapi?"

Nikarukia kalamu.
Kumi na tano mara hamsini na nne elfu, gawa kwa mia:
elfu nane na mia moja.
Mama aliishia la nne, lakini ile kahawa aliichuma yeye.
"Magunia mawili, elfu nane?
Kamba za kufungia peke yake zinazidi hapo."

Aibu ikanipanda masikioni.
Nikamkumbuka mwalimu Masereka,
unga wa chaki kwenye nyusi, akigonga ubao:
"Neno lenyewe limeficha siri. Asili, mia.
Ukipewa kipande, usikikate tena.
Kiulize asili yake.
Kilikuwa sehemu ya nini
kabla kisu hakijapita?"

Basi nikaanza na kipande.
Hamsini na nne elfu ni mafungu kumi na tano.
Fungu moja, elfu tatu na mia sita.
Nikalijaribu kwa meno, kama punje
unayoing'ata kujua kama imekauka.
Likakubali.
Mafungu mia, basi:
laki tatu na sitini elfu.

Nikapiga mistari miwili chini ya jibu.
Mama hakushangilia.
"Toa makato," alisema, akikoroga.
Laki tatu na elfu sita.
"Na baba yako alileta ngapi?"

Swali hilo halikuwa kitabuni.
Nilimwona Jumanne akizihesabu mezani,
noti kwa noti, akilamba kidole:
laki mbili na arobaini.
Kalamu ilitangulia kabla sijaizuia.
Sitini na sita elfu.

Ada ya mtihani wangu ilikuwa elfu thelathini na nne.
Tulikuwa tumeambiwa tungoje.

Nilitaka kufuta. Kifutio changu kilikuwa kipande cha ndala,
kinachafua kuliko kinavyosafisha.
Mama akanishika kifundo cha mkono, taratibu.
"Iache. Namba haijamkosea mtu adabu."

Tukasikia baiskeli ikiegemezwa ukutani.
Kikohozi. Viatu vikikung'utwa tope.
Mama akasogeza taa, akalifungua daftari vizuri,
akalaza kalamu katikati yake.

"Karibu, Baba Mbambu. Kaa."
Kisha, kwa sauti ileile ya mwalimu Masereka,
ambaye hajawahi kukutana naye:
"Hapa pana jibu.
Onyesha njia."