Sheria ya Kiganja

Miaka kumi na mmoja nilipigana ndondi Walukuba
na hakuna aliyenifundisha kuanguka.
Kocha Odongkara alifundisha kusimama:
mguu wa kushoto mbele, kisigino cha kulia juu kidogo,
kidevu kimezikwa begani,
konde litoke na kurudi kwa njia ileile
kama mtoto aliyetumwa chumvi.
Usipige chini ya mkanda. Usipige kisogo.
Refa akisema achaneni, achaneni.
Ukiangushwa una hesabu ya kumi; tumia nane zote kabla ya kunyanyuka,
pumzi haiuzwi dukani.
Kuhusu safari yenyewe ya kwenda chini, kimya.
Hiyo kila mtu alijisafiria.

Nikaingia mieleka nina thelathini na mbili, pua imeshapinda,
na mwalimu wangu ni Naigaga, miaka kumi na tisa,
binti wa muuza mandazi wa Masese.
Ulingo wetu: nguzo nne za mkaratusi, kamba za katani,
chini makapi ya miwa kutoka kiwandani Kakira,
juu turubai la lori lenye jina la mtu aliyefilisika.
"Kidevu kifuani," akasema.
Nikamwambia hilo nalijua.
"Hulijui. Kule unaficha kidevu. Hapa unalinda kisogo."
Toa pumzi kabla ardhi haijakutoa.
Tua kwa mgongo wa juu, mikono yote ipige turubai pamoja, paa!
Usitangulize kiwiko, kiwiko ni kijiti.
Siku ile nilianguka mara mia na arobaini.
Usiku nikalala kifudifudi.

Yakaja mengine, magumu zaidi:
kule ukiumia unacheka,
hapa hujaumia unalia.
Kule ngumi inaficha inakokwenda,
hapa inaaga kwanza, hadi watu wa nyuma waione.
Na mtu akikuinua juu ya kichwa chake
mwili wako ameuazima, sharti aurudishe.
Ndiyo maana iko sheria isiyoandikwa popote:
ukimkamata mwenzako, mbonyeze kiganja.
Upo?
Naye abonyeze mara mbili.
Nipo.

Jumapili baada ya mvua. Makapi yameloa.
Tulishapatana juu ya chapati moja: nishinde mimi, dakika ya saba.
Kirunda, Mamba wa Masese, fundi baiskeli siku nyingine zote,
akapanda kamba ya juu, akatanua mikono,
na mguu ukateleza.
Turubai lililia mara moja tu, zito. Hakuna viganja.
Watu wakashangilia.
Mama yangu, mstari wa mbele, akamtupia kandambili.

Miguu yangu ya ndondi ilitaka kona isiyo na mtu.
Ndivyo sheria ya kule: ukimwona mwenzako chini, mwache, jitenge, ngoja.
Nikamwangukia, nikajifanya namkaba,
mkono wangu ukautafuta wake.
Nikabonyeza.
Nikabonyeza.
Kinyozi Balyejusa, ndiye refa wetu, akainama, jasho lake likinidondokea shingoni.
Nikabonyeza
na kikaja kimoja, chepesi, kama kuku anayedona punje ya mwisho.
Halafu, baada ya muda ambao sikuuhesabu, cha pili.
"Shingo inageuka," akanong'ona. "Bega ndilo."

Kumshinda kulitaka mabega yake mawili chini,
na moja halikutaka kuguswa.
Basi nikajipenyeza chini yake taratibu, chali,
nikauweka mkono wake mzima kifuani pangu
kama mtu anayejifunika shuka.
Balyejusa akanitazama. Akaelewa.
Akahesabu upesi kuliko siku zote.

Mamba alitoka mshindi, amebebwa juu ya ubao wa kuuzia samaki,
umati ukidhani hata ubao ni mchezo.

Usiku mama akanikanda mgongo kwa maji ya moto, kwa hasira.
"Ulishindwaje," akauliza, "na mtu aliyelala?"
Nikaushika mkono wake, nikabonyeza kiganja.
"Niachie," akasema.
"Kandambili yangu hujaniletea."