Rikabu ya Kushoto

Miaka thelathini na mmoja niliishika rikabu yake ya kushoto.
Msiniulize basi habari za uso wake;
uso ulikuwa huko juu, kwenye jua, pamoja na kofia.
Niulizeni buti.

Buti la kwanza lilimpwaya.
Mwaka wa tisa, kambini Canterbury, barafu hadi ndani ya ndoo,
Luteni Everard Tredgold, masharubu yakiwa bado ni ahadi,
alivaa soksi tatu ndipo mguu ukaenea.
Baba yake alimnunulia farasi wawili na upanga.
Mimi nilikuja na matandiko.

Walimfunza yote yaliyokuwa yanakwisha:
kumchoma mtu wa majani kwa mkuki huku akipiga shoti,
kung'oa kigingi ardhini bila kupunguza mwendo,
kucheza dansi na miiba ya chuma visiginoni
asichane gauni la mke wa kanali.
Alifaulu yote, ila hilo la mwisho.

Vita vilipokuja tukavuka mlango-bahari usiku.
Farasi hatapiki, mnajua?
Huvimba, hutoka jasho, hukukodolea macho.
Tredgold alikaa nao chini mle hadi kukapambazuka,
akitapika kwa niaba yao.
Hapo ndipo nilipoanza kumpenda.

Tukaambiwa: ngojeni pengo.
Askari wa miguu watatoboa, nanyi mtapita.
Subira huvuta heri, sawa,
lakini aliyesema hivyo hakuwahi kulala Flandria mwezi wa kumi na moja.
Tuliwalisha, tukawabandua matope, tukawalisha tena.
Zamu ilipofika tuliacha hatamu tukashika koleo.
Pengo halikufunguka.

Mara moja tu.
Kijiji ambacho jina lake sijawahi kulitamka sawasawa,
ukungu, shamba la viazi vilivyosahauliwa.
Walitoka thelathini na wawili.
Mimi nilibaki nyuma ya ghala na farasi wa akiba,
nikasikia kwato zikienda.
Kwato za kurudi nilizihesabu kwa vidole vya mikono,
na vidole vilibaki.
Yeye alikuja kwa miguu, tandiko la Dorcas begani.
Akanikabidhi bila neno.
Lilikuwa na joto bado.

Medali ililetwa na tarishi, siku ya mvua, pamoja na bili ya fundi cherehani.

Akawa meja. Akawa kanali.
Akaoa, akafiwa, akarudi kula mezani na maofisa wenzake.
Kisha mwaka wa thelathini na sita, karatasi moja kutoka London:
farasi waondoke, vifaru vinakuja.
Wenzake walijaribu kuvipanda vyote viwili,
kifaru asubuhi, farasi jioni,
na mpanda farasi wawili mnajua hupasuka wapi.
Yeye alipanda kimoja tu, siku moja, mbele ya kikosi kizima.
Akakaa wima.
Akakipiga kile chuma kisigino, mara mbili, kwa mazoea,
akangoja kiitike.
Dereva, kijana wa Birmingham mwenye chunusi,
alitazama pembeni, akawasha injini polepole.
Kwa adabu ile, popote alipo, Mungu amlipe.

Alistaafu wiki iliyofuata. Akanunua nyumba Herefordshire,
zizi kubwa kuliko sebule, na ndani ya zizi hamna kitu.
Kila alfajiri tulilifagia.

Alikufa vita vya pili vikiwa vichanga.
Petroli ilikuwa ya mgawo, gari la maiti halikuja.
Tukamwazima muuza maziwa mkokoteni na farasi wake,
mzee mwenye mgongo wa bonde, hajui tarumbeta wala bunduki.
Mimi nilitembea upande wa kushoto.
Kila mlango wa kijiji kile farasi akasimama, kwa mazoea.
Nilimvuta, nikambembeleza; hakusogea.
Basi tukasimama naye,
na milango ikafunguka, mmoja, mwingine, wote,
watu wakavua kofia bila kujua wamvulie nani.
Nyumba ya mwisho alitoka Bi. Gwilliam, aproni kiunoni,
chupa mbili tupu mkononi.