Pai 1, Inalala

Mama kang'olewa magego mawili Jumanne,
na tangu hapo mdomo wake ni mlango wa duka la marehemu.
Uji hataki.
Mtori, kwa ishara ya mkono, wapelekewe wenyewe Wachaga.
Mlenda, mlenda huu huu aliotulea nao,
kautazama, kaugeuzia kisogo.
Kisha akaandika nyuma ya risiti ya luku:
*Nataka kitu cha baridi. Si barafu. Barafu haina maana.*

Haina maana! Nikacheka hadi nikashika ukuta.

Basi Januari hii, Nkuhungu, saa nne asubuhi,
mabati yanaalika kwa joto juu ya kichwa changu,
naponda biskuti kwa chupa ya soda
ndani ya mfuko wa sukari,
kwa mdundo ule wa kutwanga uwele
ambao mikono imeukumbuka bila kuniuliza.
Siagi ya moto. Changanya. Shindilia sahanini kwa gumba,
zunguka, shindilia,
mpaka ukingo mzima ukajaa dole gumba langu
kama hati ya mkopo wa kikundi.

Embe dodo mbili za Sabasaba.
Muuzaji aliapa kwa mama yake kwamba hazina nyuzi.
Zina nyuzi. Mama yake asamehewe.
Nimezichuja kwa chujio la chai,
na pasheni nne, mbegu zote nje,
maana fizi zina mashimo.
Kopo moja la maziwa mazito.
Halafu ubuyu:
si ule mwekundu wa watoto, wa kupaka ndimi,
bali unga mweupe wa Mpwapwa, niliousugua mwenyewe
mbegu kwa mbegu, nikipiga chafya.
Vijiko vitatu. Koroga.

Hapo maziwa yakafikiri kidogo,
yakasita,
yakakaza uso.
Jelatini katika nyumba hii haijapata kuingia;
kinachotushikisha pamoja, tangu zamani,
ni uchachu.

Nikafungua friji. Giza.
Radi ya alfajiri imeondoka na umeme wa mtaa mzima.

Buchani kwa Chilongani kuna jenereta.
Nikavuka tope, sahani mikononi, kanga juu yake,
kandambili moja ikabaki nyuma, nikaiacha.
"Mbukwa," akasema, kisu hewani. "Nini hiyo?"
"Pai."
"Ya nyama?"
"Ya embe."
Akanitazama kama mtu aliyeletewa mtoto asiye wake.
Kisha akasogeza utumbo, akasogeza paja la mbuzi,
akatandika gazeti chini, akafunika gazeti juu,
na katika daftari la madeni, kwa mwandiko wa shule ya misheni:
*Pai 1, inalala.*

Usiku kucha niliota inanuka maini.

Asubuhi nikachovya kisu katika maji ya moto, nikakata.
Kipande kikasimama.
Nasema kilisimama! Kona kali, njano tupu,
jasho la baridi likichuruzika ubavuni,
na juu yake zabibu za Hombolo, nusu nusu,
ambazo, sijui nani alinituma,
nilizimenya maganda moja moja.

Mama akaanza kwa ncha ya kijiko,
upande wa shavu lisilovimba.
Akafumba macho.
Nje mtu alikuwa akipiga kelele za mkaa,
na mimi nimesimama pale na kitambaa cha vyombo
kama mwanafunzi aliyesahau shairi lake.

"Ina mbuzi," akasema Mama, "kwa mbali."
Maneno ya kwanza tangu Jumanne.
Akasogeza sahani mbele.
Nimuongeze.

Ukingo aliuacha wote, mgumu kwake.
Nikaula mimi, jikoni, kwa kusimama,
gumba baada ya gumba.