Chanzo

Tukuyu, saa nane mchana. Mvua haimwombi mtu ruhusa.
Ramani nimeipangusa vumbi kwa kipande cha kanga,
nikaipiga picha dirishani, mapande sita,
maana skana ya parokia iliondoka na umeme wa Jumanne.

Kamusi elezo ya mtandaoni ina fomu yake.
Mchoraji? Herufi mbili pembeni, F.K.,
wino umepauka kama chai ya majani ya jana.
Alikufa lini?
Bila mwaka wa kifo hawapokei;
asiyejulikana kaburi, haki zake bado zinapumua.

Leseni? Nachagua, nafuta, nachagua.
Padri anasema ni mali ya kabati.
Binamu yangu Tusajigwe, mdomoni ana hindi la kuchoma:
“Wao walipima bila kuomba.
Wewe leo unamwomba nani?”

Chanzo?
Hapo nikacheka peke yangu.
Chanzo cha kijito kipo nyuma ya migomba ya bibi,
ramani imekirusha ng’ambo ya kilima,
kwa kuwa babu mzaa babu, mshika mnyororo wa kupimia,
aliwaonyesha wageni maji mengine.
Ya kunywa akayanyamazia.

Kisanduku cha jina lake hakimo.
Nikaandika kwenye maelezo, chini kabisa:
*Mnyororo ulishikwa na Mwambeneke.
Kosa hili ni lake, na ni la makusudi.*

Alfajiri wamejibu:
taarifa hii haina chanzo.

Nimechukua ndoo, nimetoka.