Mtogwa

Mwanzoni nilidhani ngedere.
Mbeta tatu za juu, upande wa msitu,
nilizikuta asubuhi zimepungua nusu.
Lakini ngedere humwaga,
na mlevi huondoka na mbeta yenyewe.
Huyu alikunywa, akarudisha jani
pale pale nilipokuwa nimelifunika.

Kisha unyayo, kwenye tope la Machi:
vidole vitano,
haufiki urefu wa kiganja changu.

Luhunga nzima ilikuwa na lake la kusema.
Chengula wa mashine ya kusaga: mzuka
wa wale walioungua na mipaina.
Walinzi wa shamba la miti: nyani mwenye ukurutu.
Sekalinga, mchuma chai, hakusema kitu;
alijitwisha tenga kabla ya mizani kufika,
akashika njia ya kwao.
Nililiona hilo. Nikaliacha.

Wote walisema "kile".
Kile kimepita, kile kimelala kwenye tanuri la mkaa,
kile kimekula mbegu za viazi, mbichi, na udongo wake.
Nami nilisema "kile" msimu mzima,
mpaka asubuhi moja ya ukungu
nilipokikuta kimechuchumaa penye mwanzi uliokatwa,
mdomo wazi chini ya tone,
kinasubiri.
Tone. Kimya. Tone.
Hakikunikimbia. Alinitazama.
Ulimi wangu ulibadilika hapo, wenyewe.

Tangu siku ile mbeta moja sikuifunika.
Mtogwa tu, wa usiku mmoja, usioanza ukali,
na viazi viwili vya kuchoma, vingali na jivu.
Mkangafu ulikwenda kilabuni kama kawaida.
Mume wangu alihesabu pesa, akahesabu tena.

Asiyefunzwa na mamaye, husema.
Haya, ulimwengu ulimfunza:
kulisikia lori la magogo kabla halijaanza mlima,
kulala katikati ya mbwa koko, si pembeni,
kulamba umande kwenye majani ya chai
siku ambazo hawajapiga dawa.
Alizijuaje siku hizo?
Mimi nilisoma miaka saba, sikufundishwa.
Kisha tukaja sisi, kumfunzua.

Maana Juni sakitu iliangukia mashamba.
Viazi vililala vyeusi kama vimemwagiwa maji ya moto,
na usiku mbwa walilia;
hawakubweka, walilia.
Kulipokucha nilikwenda kwa mtendaji, nikasema.
Mpaka leo sijui kama nilimwokoa
au nilimuuza.

Walikwenda mgambo sita na turubai.
Kihwele alirudi na kidole kilichofungwa kanga.
Mbwa mmoja aliifuata gari hadi daraja la pili.
Sekalinga alisimama kwenye chai, mgongo kwetu,
akichuma pale alipokwisha kuchuma.

Mafinga walimnyoa, wakamwogesha mara tatu,
wakamwandika Ezekia,
jina la baba yake muuguzi wa zamu.
Nilimkuta chini ya kitanda, juu ya sakafu tupu,
blanketi amelisukumia mbali.
"Ezekia," muuguzi aliita. Hakuna aliyeitika.

Nilipiga magoti, nikapenyeza mkono.
Aliunusa taratibu, kidole kwa kidole:
mwanzi, jivu, kisu.
Kisha akainua uso,
akafungua mdomo,
akasubiri.

Sikuwa nimebeba kitu.