Tarehe ya Kuanza Shughuli

Ofisi ya Sanad, Mabela, saa nne asubuhi.
Kiyoyozi kinanguruma kana kwamba kinatudai.
Tiketi yetu sabini na mbili;
Mama kaishika kwa vidole viwili,
kama hirizi ambayo hajaiamini bado.

Njiani alinambia: miaka yote hii
wateja wananijua kwa harufu,
leo serikali inanitaka kwa namba.
Nikamjibu, Mama, ule mkahawa wa Ghubra
unaotaka vitumbua mia mbili kila Ijumaa
haununui harufu. Unataka ankara,
na ankara inataka namba ya mlipakodi.
Akanyamaza hadi tukaegesha.

Kijana wa kaunta anaitwa Azzan,
ndevu zake zimechongwa kwa rula.
Jina la biashara?
*Vileja na Vitumbua vya Bi Zeyana.*
Vidole vikasita juu ya kibodi:
Kiarabu hakina V.
Akaandika kwa F, akatusomea.
Filija. Fitumbuwa.
Mama akacheka hadi mtandio ukamteleza.
"Hivyo vimekosa iliki," akasema, "lakini andika."

Anuani?
Jiko la nyuma, karibu na msikiti wenye mlango wa kijani.
Mfumo hauujui mlango wa kijani.
Unataka namba ya njia, namba ya nyumba,
namba ya mita ya umeme.

Mapato ya mwaka?
Mama anatazama dari, anahesabu kwa trei, si kwa riali:
Ramadhani, usimguse.
Harusi mbili za Ibra.
Msiba wa kina Thuwaiba, trei kumi na nne,
zile sikulipwa wala sikutaka.
"Niweke sifuri?" anauliza Azzan.
"Usiweke kitu. Msiba hauna hata sifuri."

Kisha kikafika kisanduku kile:
tarehe ya kuanza shughuli.
Nikasema mwezi wa tatu, siku tuliyopata sijili.
Mama akanigeukia.
"Muongo weye.
Ilianza siku niliyoshuka uwanja wa Sib
na sanduku moja la bati,
na ndani ya sanduku, baina ya kanga mbili,
chuma cha vitumbua, matundu saba.
Mtu wa forodha akakiinua: *silaha?*
Neno hilo nililijua. Jibu sikuwa nalo.
Nikafanya hivi."
Akageuza kiganja hewani, upesi,
kama anayekigeuza kitumbua kisiungue.
"Akacheka, akanipitisha. Siku hiyo. Andika."

Azzan akainua macho.
Kumbe bibi yake alizaliwa Bububu;
Kiswahili kilichomfikia mjukuu
ni maneno matatu tu: njoo, kula, basi.
"Basi," akasema, kwa upole,
akaandika mwezi wa tatu.
Mfumo haukubali kurudi nyuma kiasi hicho.

Siku tisa.
Ujumbe ukaingia Mama akikamua tui.
Akataka nimsomee polepole, mara tatu,
akaikariri mikono imo ndani ya nazi,
kama alivyokariri zamani
namba ya kitambulisho alichokingoja miaka sita,
akitumwa dirisha hili, akirudishwa lile.
"Hii yangu, au ya vitumbua?"
Ya vitumbua, Mama.
"Afadhali. Wao hawakusubiri sana."

Usiku akaandika ankara ya kwanza.
Namba juu, tarakimu kubwa kubwa kama za mtoto wa darasa la pili;
chini asilimia tano, hadi baisa ya mwisho,
akaipigia mstari mara mbili.
Kisha akajaza sahani, akaifunika kawa,
akanituma kwa jirani yetu Mbalushi,
Bi Naznin, ambaye mguu haujapona.

Nikasimama mlangoni na sahani.
Na hii, Mama? Niikatie ankara?

Hakusema neno.
Aligeuza kiganja hewani.