Vizibo

Nyuma ya duka la fundi Kiwia, Rau, Jumamosi jioni,
meza ya kukatia suruali imegeuka pango.
Eliakunda amelichora kwa chaki ya cherehani:
mto huu hapa, daraja lile pale,
na hapo penye doa la mafuta
ndipo anapolala nyoka wa majivu.

Mimi ni Makasi, mlinzi wa daraja,
kijitu cha udongo chenye mkuki wa njiti ya kiberiti.
Zamu ya tatu nimeumwa.
"Rusha dadu," anasema Eliakunda, hana habari, anamenya ndizi.
Nikarusha. Nne.
Nne kati ya ishirini! Hata hesabu za darasa la sita
hazikuwahi kunidhalilisha hivi.

Akaniwekea kizibo chekundu begani: sumu.
Kila zamu yangu ikifika, uhai pointi mbili unavuja
kabla sijainua hata unyayo.
Halafu cha kijani. Majivu machoni, sioni.
Halafu cheusi, ambacho sote tunakikwepa,
maana cheusi hakiumi.
Kinakufanya jiwe, kidole baada ya kidole,
na jiwe halilii,
wala halijui kwamba limeacha kuomba msaada.

"Si unywe dawa?"
"Dawa gani? Uliimaliza wewe, Ombeni, kule kinamasini,
kwa mkwaruzo wa paka."
"Yule hakuwa paka!"
Ndetaramo akafungua daftari la sheria,
lile lililomwagikiwa chai mwezi wa nne,
akasoma kwa sauti ya karani wa mahakama ya mwanzo:
sumu huisha kwa dawa, au kukipambazuka;
upofu huondoka kwa maji safi;
jiwe...
Akainua ukurasa kwenye taa. Chai imekunywa sentensi yote.

Zamu ya Aikande.
Ana upinde, ana mshale mmoja,
nyoka kabakiza pumzi moja na robo.
Kila mtu anajua: mpige, tukale.
Ombeni ameshavaa koti.
Aikande anakitazama kijitu changu
kilivyofukiwa na vizibo kama kaunta ya baa.
"Naenda kwake," anasema.
"Kwa nyoka?"
"Kwa Makasi. Namwosha macho."
"Utaipoteza zamu!"
"Zamu si yangu?"

Akachovya kidole kwenye glasi, maji ya kweli,
akamdondoshea Makasi usoni.
Tulisahau kwamba udongo ule haujachomwa.
Pua ikaondoka. Shavu likafuata.
Maji yakateremka mezani yakafuta daraja,
yakafuta nusu ya mto,
tukacheka mpaka fundi Kiwia akagonga ukuta.
"Hiyo haimo kwenye sheria," alisema Eliakunda,
lakini aliking'oa cha kijani.
"Na cheusi?"
"Cheusi mpaka Jumamosi."

Jumatatu, kiwandani, pale tunapokobolea kahawa,
msimamizi ananiita ofisini. Magunia hayalingani na vitabu.
Nasimama. Vumbi la maganda limenijaa kope.
Mkono mfukoni: barua ya benki,
ile ambayo tangu Machi sijamwonyesha mtu,
imekunjwa hadi imekuwa ngumu kama sarafu,
na pembeni yake kizibo cheusi.
Sijui nilikichukua saa ngapi.
Msimamizi anaongea, namwona midomo.
Kidole gumba hakipo. Sasa cha shahada.

Nilitoka nje, nikasimama nyuma ya mizani.
Mlima haukuwa umefunguka, wingu tupu hadi mabondeni.
Nikapiga simu Mawenzi, wodi ya wanaume, nikamwulizia.
Akaja akihema, nyuma yake kitanda kinasukumwa.
"Upo zamu?" nikauliza.
"Nipo. Mpaka kesho asubuhi. Kuna nini?"

Nilikaa kimya kidogo. Ulimi ulikuwa unakaribia.
"Aikande," nikasema,
"nimerusha, imetoka nne."